Fungu la Waliobaki na Vyombo

Wapendwa, Bwana Yesu asifiwe.

Wiki hii nimekuwa na uzito moyoni, na naamini siko peke yangu. Kwenye shukrani ya ushirika wetu hapa Columbus vyeti vilitolewa kwa kwaya, kwa wapiga vyombo na kwa wahubiri. Vigelegele vikajaa ukumbini. Saa hiyohiyo akina mama wawili walikuwa jikoni wakikwangua ukoko wa pilau, povu limewafika viwikoni, na hakuna aliyewaita. Nimehudumu muda mrefu katika jiko lile, na moyo uliniuma.

Nikiwa katika kuomba, Bwana alinikumbusha jambo ambalo huku Ohio halikosi kuzungumzwa kazini: mpira wa Kimarekani wa vyuo. Joe Burrow, mchezaji anayerusha mpira kwa wenzake, amekulia Athens, Ohio. Alikuwa hapahapa mjini kwetu, Chuo Kikuu cha Ohio State, akakosa nafasi ya kuanza, akahamia LSU, chuo kikuu cha jimbo la Louisiana. Mwaka 2019 alirusha pasi 60 za tachidauni, yaani za kufunga. Desemba akapewa Heisman, tuzo ya mchezaji bora wa vyuo vyote, na Januari 2020 timu yake ikaifunga timu ya chuo cha Clemson 42 kwa 25 ikatwaa ubingwa. Mechi 15, hawakupoteza hata moja.

Jina tunalolijua ni la Burrow. Lakini mbele yake walisimama wanaume watano wa safu ya mbele. Hao hawarushi mpira wala hawaupokei. Kazi yao ni kuinama, vidole vimefungwa plasta, na kugongana kifua kwa kifua na majitu ili mwenzao nyuma apate sekunde mbili tatu za kutazama na kurusha. Wakifanya kazi yao vizuri, hakuna anayewatazama. Mmoja wao, Lloyd Cushenberry, alipewa na timu heshima ya namba 18, ambayo LSU humpa mchezaji wa mfano uwanjani na nje ya uwanja. Kwa nafasi anayocheza, kanuni hazimruhusu kuivaa, hivyo akabandikwa kiraka cha 18 kwenye jezi yake ya 79.

Usiku ule wa Heisman, Burrow alisimama akilia. Akawashukuru watu wa safu yake, akawataja pia watoto wa Athens wanaorudi kutoka shule na kukuta nyumbani hakuna chakula cha kutosha. Michango iliyofuata ilipita nusu milioni ya dola. Mungu apewe sifa.

Tena iko tuzo nyingine, ya Joe Moore, ambayo hapewi mtu mmoja. Hupewa safu nzima. Mwaka 2019 ilikwenda kwa safu ya LSU. Mwaka 2020 ilikwenda kwa safu ya chuo cha Alabama, na msimu huohuo DeVonta Smith wa Alabama akapata Heisman. Kwenye fainali dhidi ya Ohio State, Smith alidaka pasi 12 kabla ya mapumziko, akafunga tachidauni tatu. Kipindi cha pili akaumia mkono, akatoka. Timu ilishinda 52 kwa 24 nyota wao akiwa nje. Huku kwetu tuliumia, lakini somo nimelipokea.

Sasa nisikilizeni, ndugu zangu. Mnakumbuka kijito cha Besori, Daudi na watu wake walipokuwa wakiwafuatia Waamaleki, na watu mia mbili walipochoka wakabaki na vyombo, yaani mizigo ya safari. Wenzao waliporudi na nyara, baadhi yao wakasema hao wasipewe kitu. Daudi akawaambia, msitende hivyo katika hayo tuliyopewa na BWANA. Tuliyopewa! Ushindi ulikuwa zawadi tangu mwanzo, nani basi wa kuukumbatia peke yake? Akaamua kwamba fungu la aliyeshuka vitani na fungu la aliyekaa na vyombo yawe sawasawa, na likawa agizo katika Israeli.

Wewe unayeshika maikrofoni, sauti yako ni njema, lakini nani alikufungulia mlango wa kanisa kwenye theluji? Nani alikufundisha huo wimbo? Unasema "utukufu kwa Mungu" kisha unashuka jukwaani bila kumsalimia fundi wa mitambo. Hilo nalikemea kwa upendo. Na wewe uliyebaki na vyombo, nakusihi kama ninavyojisihi mwenyewe: usifanye ya Sauli. Wanawake walipoimba kwamba Sauli ameua maelfu na Daudi makumi ya maelfu, ushindi ulikuwa wa Israeli yote, na Sauli alikuwa ndiye mfalme wake. Angeweza kucheza pamoja nao. Akahesabu maelfu, akaanza kumwonea kijana wivu, na amani haikurudi tena nyumbani mwake. Mwenzako akiitwa mbele, piga makofi hadi viganja viwake moto, maana hata wewe umo katika ushindi ule.

Daudi hakuishia Besori. Alipofika Siklagi, mji alimokaa, aliwapelekea rafiki zake wazee wa Yuda sehemu ya nyara. Basi kabla ya Jumapili mpigie simu mmoja aliyekubeba: aliyekulaza sebuleni kwake ulipofika nchi hii, au aliyekaa na watoto wako usiku ulipokuwa unasomea uuguzi. Mwambie alichokufanyia, kwa jina lake, watoto wako wakisikia. Na kama mkononi kuna kitu, mpelekee.