Bi Mkesha: bega la kushoto limekubali

Limekubali wallahi. Bega la kushoto limetoka kwenye kalibu bila ufa, bila ukungu ndani, bila ule umanjano, nimelipiga tochi kwa nyuma na mwanga umepita mpaka ukutani. Nshapiga kelele mpaka mamangu akapanda juu kuuliza kuna nini, akaangalia, akasema "ndio hilo tu?" akashuka.

Kwa wasiomjua, Bi Mkesha ni lile sanamu la kioo mlangoni mwa bandari ya Kilimwezi, mji wangu wa kubuni, mita 60 kutoka unyayo hadi kilemba, kazi yake kungojea majahazi, na mimi namtengeneza kwa skeli ya 1:200, yaani sentimita 30, kwa rezini ya epoksi, ile plastiki ya maji inayoganda ukiichanganya na dawa yake, hadena. Ramani na mambo ya wafalme nilishaandika huko nyuma, sirudii.

Shida ni unene. Kilemba, vidole, upindo wa leso, vyembamba vyote vilitoka safi kitambo, lakini kifua na mabega ni kama sentimita 9 za rezini tupu, na mnajua rezini ikianza kushika yatoa joto, lile joto laharakisha kushika, kushika kwaleta joto zaidi, na hapa tuko kaskazi, chumba kiko nyuzi 31 hata chupa hujafungua. Karatasi ya maelezo yasema nyuzi 25. Nyuzi 25 Mombasa utazipata wapi, labda ndani ya benki. Kila nyuzi 10 zikiongezeka mwendo wa kushika wakaribia kuwa mara mbili, kwa hivyo ile nusu saa waliyoahidi kwenye chupa huku ni hadithi. Halafu kuna silikoni, ndiyo ya kalibu yenyewe, kila mtu aisifu silikoni, na kweli yatoa kila mkunjo wa leso, lakini imeikumbatia rezini kama blanketi, joto halina pa kutokea. Nje kumeganda, katikati bado kunachemka, kukipoa kunavuta ndani na hakuna pa kuvuta, basi KRAA. Mlio wenyewe wasikika mpaka jikoni.

Nimejaribu hadena ya polepole, ikapasuka polepole. Nimejaribu kumwaga tabaka tabaka, haikupasuka ila Bi Mkesha akawa na mistari kiunoni, na kila tabaka likishika laota ule utando wa mafutamafuta, maana hadena na unyevu wa hapa hawaelewani kabisa, sharti uoshe kwa maji ya vuguvugu na sabuni kabla ya msasa, ukianza na msasa waupaka tu mle kwenye mikwaruzo. Nikachukua boksi la barafu la mvuvi, nikazika kalibu humo. Kalibu ikatoa jasho, matone yakaingia, nikapata bega jeupe lisilopitisha kitu. Hapo nilitaka kuacha, niseme Bi Mkesha ni wa marumaru na yaishe.

Kilichofanya kazi ni kiini. Yaani humwagi sentimita 9, waweka ndani rezini iliyokwisha kushika, inajaza nafasi karibu yote, halafu wamwaga ile ambayo bado ni majimaji kuizunguka, unene wake ni kama sentimita moja tu kila upande, haina nguvu ya kujichemsha. Na kiini hakionekani! Rezini ya chupa ile ile yapinda mwanga kiasi kile kile, kipimo chake cha kupinda ni 1.55 hivi (kioo cha dirisha ni 1.52, ndio maana huu uongo wetu unaingia machoni vizuri), sasa mwanga ukifika mpakani hauna sababu ya kugeuka, unapita. Kiini changu kilikuwa kimekwaruzwa msasa namba 120, cheupe, kibaya, nikamwaga, na pale rezini ilipopanda mikwaruzo ikawa inafutika mbele ya macho yangu kutoka chini kwenda juu. Raha yake, wee acha. Na kiini nimekijenga kwa vipande vya yale mabega yaliyopasuka, vile visivyo na umanjano, kila kimoja nimekipaka kwa brashi kwanza ndipo nikakipanga ili hewa isibaki katikati. Mapovu yaliyobaki yakatolewa na kompresa ya friji, fundi mmoja wa Majengo kaigeuza pampu ya kuvuta hewa, ina kelele lakini siibadilishi.

Nikiwa hapo kwenye vifaa: acheni mizani kama chupa yenu yasema 2 kwa 1 kwa ujazo. Hadena ni nyepesi, ukipima kwa uzani utaizidisha na kazi itabaki kunata. Vikombe vyatosha. Na mashine ya kung'arishia naichukia, inapasha rezini moto inaanza kuvutika, mimi ni msasa wa maji kwa mkono, 400 mpaka 3000, redio pembeni.

Mpango ulikuwa baada ya bega nifanye miamba ya bandari na taa za LED. Zitangoja. Kwa sababu nimesoma kuhusu kile kioo cha darubini ya Palomar, California, upana mita 5.1, kilimwagwa kwenye kiwanda cha vioo cha Corning, New York, mwaka 1934, cha kwanza kikaharibika vipande vya kalibu vilipong'oka vikaelea, cha pili wakakipoza kama miezi kumi, tani 20 hivi na mgongo wenyewe una mashimomashimo kupunguza unene. Na unene wa kioo ukiwa mara mbili, muda wa kupoza unakuwa mara nne. Sasa mwanamke wa mita 60 mzima mzima? Wajukuu watakufa wakingojea apoe. Wazee wa Kilimwezi wasema alimwagwa usiku mmoja, waache waseme, mimi nshajua walifanyaje: kila kizazi kilimvisha bibi koti jipya. Ndani yake kuna bibi mdogo, na ndani ya huyo kuna mdogo zaidi, wa mchanga mchafu wa zamani wenye chuma, wa kijani.

Kwa hivyo kiini cha kifua hakitakuwa vipande tena, kitakuwa bibi kamili wa sentimita 22, kilemba cha mtindo wa kale, kijani kidogo sana ili aonekane kwa shida. Nta nshanunua, naanza kuchonga Jumamosi. Mwenye kujua duka huku kisiwani au Nyali lenye rangi ya rezini inayopitisha mwanga, sio ile nzito ya kufunika, aniambie na bei.