Mimi Nani?

Mwaka 2009 nilikuwa London, mwaka wangu wa pili tangu nitoke Tanga. Usiku nilisafisha ofisi. Msimamizi wetu alishindwa kulitamka Maimuna, akalikata: Mimi. Wote wakanizoea hivyo. Mtu akipaza sauti "Mimi!" kwenye korido, naitika. Hawakujua neno hilo kwetu ni nini, nami sikuwaeleza.

Jumatano nilikuwa na darasa la jioni la filamu. Siku moja mwalimu alituonyesha Meshes of the Afternoon, filamu ya dakika 14 hivi ambayo Maya Deren aliitengeneza Los Angeles mwaka 1943 pamoja na mumewe, Alexander Hammid. Nilidhani yatakuwa mambo ya wasomi. Nikaona nyumba tu: mkate na kisu, simu ambayo mkono wake umeachwa nje, ufunguo unaoponyoka na kudundadunda ngazini. Mwanamke anasinzia kitini, na ndotoni anachungulia dirishani akijiona mwenyewe anakuja, tena na tena, akimfukuza mtu aliyejitanda nguo nyeusi gubigubi. Ningesema ni buibui, ila mtu huyo akigeuka hana uso. Pana kioo.

Kisha wanakaa mezani watatu, wote yeye. Wa kwanza anachukua ufunguo. Wa pili naye anachukua. Wa tatu akigeuza kiganja ni cheusi, na ufunguo umekuwa kisu.

Mfukoni nilikuwa na funguo za ofisi za watu, tisa kwenye pete moja, na wangu wa chumbani mdogo kuliko zote. Nilizifumbata gizani mpaka zikapata joto.

Taa zilipowashwa mwalimu akatueleza kwamba Deren alizaliwa Kyiv mwaka 1917, akiitwa Eleanora Derenkowsky. Jina la ukoo lilifupishwa walipohamia Marekani, lakini jina la Maya aliamua mwenyewe kulitumia, mwaka uleule wa filamu. Hilo lilinichoma hasa. Yeye alichagua, mimi nilikatwa, nikaitika.

Asubuhi, nikitoka zamu, nilinunua kadi ya simu nikapiga nyumbani. Laini ilikuwa inakwaruza.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba. Nani mwenzangu?"

"Mimi."

"Mimi nani? Mimi si ana jina?"

Mikono yangu ilikuwa bado inanuka dawa ya sakafu. Nikalitaja lote, na la baba, na la babu.