Gumba la fundi cherehani: jinsi nilivyoituliza ala ya kano

Ugonjwa wangu ulikuwa wa ala ya kano, yaani ule mfuko laini unaoivika kamba inayoliendesha gumba. Maumivu yenyewe yalikuwa mahali padogo sana, upande wa gumba, pale kwenye kinundu cha mfupa kinachotokeza juu ya kifundo cha mkono. Nikibana mkasi panachoma. Nikifungua chupa ya chai panachoma. Nikimnyanyua mwanangu kitandani kwa kumshika kwapani, maumivu yanapanda hadi katikati ya mkono, na mara nyingine nilimrudisha chini haraka nikihofia kumwangusha. Mimi ni fundi cherehani hapa Mbeya, upande wa Mwanjelwa, na ulikuwa msimu wa sare za shule. Kitambaa cha sare ni kizito, tena hukatwa tabaka kadhaa kwa pamoja, kwa hiyo gumba ndilo linalobeba kazi yote.

Huku kwetu ukisema mkono unauma, jibu la kwanza ni baridi yabisi. Mama mkwe alisema hivyo, wateja wakasema hivyo, na duka la dawa nikauziwa vidonge vya kutuliza maumivu. Jirani yeye alishikilia kwamba nimeteguka, nikandwe na kuvutwa mpaka pakubali. Kuna jambo lililonifanya nisite. Baridi yabisi ninayoijua, ile aliyoiugua bibi yangu, ilimshika vidole vya mikono yote miwili na magoti, na asubuhi viungo vilikuwa vimekaza. Mimi palikuwa mahali pamoja tu, na palilalamika kwa mwendo uleule mmoja: gumba likipanuka au likikunjwa huku mkono ukiinamia upande wa kidole cha mwisho. Kitu kinachouma kwa mwendo mmoja lazima kina sababu yake hapohapo.

Hospitali ya rufaa nilikutana na daktari, kisha mtaalamu wa tiba ya viungo. Daktari aliuliza kwanza kama nimeanguka nikajikinga kwa mkono, maana upo mfupa mdogo chini ya gumba ambao huvunjika kwa namna hiyo na maumivu yake hukaa karibu na hapo. Sikuwa nimeanguka. Akauliza kama vidole vinakufa ganzi usiku. Havifi. Ndipo akaniambia nikunje gumba ndani ya kiganja, nilifunike kwa vidole vingine, halafu niinamishe ngumi taratibu kuelekea upande wa kidole cha mwisho. Nilipiga kelele. Kipimo hicho wengi hukiita kwa jina la Harry Finkelstein, daktari wa New York aliyeandika kuhusu ugonjwa huu mwaka 1930. Hakihitaji mashine yoyote. Wala usikirudierudie nyumbani kila saa ili kuona kama umepona, kwa sababu ndio mwendo uleule unaochokoza.

Maelezo ya mtaalamu wa viungo ndiyo yaliyobadilisha kila kitu, kwa hiyo nitayakalia kidogo.

Misuli inayoliendesha gumba haikai yote kwenye gumba. Baadhi yake iko juu, kwenye mkono kati ya kiwiko na kifundo, na nguvu zake hufika kidoleni kupitia kano, yaani zile kamba nyeupe ngumu zinazoufunga msuli kwenye mfupa. Nyuma ya kifundo cha mkono kano hizo hupita katika njia sita, na njia ya kwanza, ile ya upande wa gumba, ina kano mbili: moja hulitenga gumba na kiganja, nyingine hulinyoosha. Juu yake kuna utepe mgumu unaozizuia zisiruke juu mkono unapojikunja. Na ndani ya njia hiyo kila kano imevikwa ala laini ya tabaka mbili. Tabaka la ndani limeshikamana na kano yenyewe, la nje limeshikamana na ukuta wa njia, na katikati yake kuna ute kidogo unaoteleza, wa jamaa moja na ule ute wa kwenye magoti. Kazi ya ala ni hiyo: kano ipite pembamba, mara elfu kwa siku, bila kusuguana na mfupa wala utepe.

“Mama, wewe ni fundi,” aliniambia. “Ile kamba ya kaptula unaipitisha wapi?” Nikamjibu, kwenye upindo wa kiunoni. “Sasa upindo huo ukiushona mwembamba kuliko kamba, itakuwaje?” Nilielewa papo hapo. Kamba itavutika kwa shida, itajikunja, na kila ukivuta unauchosha upindo zaidi. Kwangu mimi kamba ilikuwa nzima. Upindo ndio uliokuwa umenenepa na kubana.

Neno la kitaalamu aliloliandika kwenye kadi yangu lilikuwa tenosinovitisi ya de Quervain. Sehemu ya mbele ni kano, katikati ni ule utando wa ute, na mwisho ni alama ya uvimbe na muwako. Hata hivyo alinieleza kwamba tishu za watu waliofanyiwa upasuaji zilipotazamwa kwa hadubini, mara nyingi kilichoonekana zaidi ni unene na uchakavu wa ala na ule utepe wake kuliko muwako wenyewe. Ndiyo sababu vidonge vya kupunguza muwako peke yake humsaidia mtu kwa siku chache tu. Ndiyo sababu pia kukanda kwa nguvu na kuvuta, kama alivyotaka jirani, hakufai: unasugua kitu ambacho shida yake ni kusuguliwa.

Fritz de Quervain alikuwa daktari mpasuaji wa Uswisi, na aliuandika ugonjwa huu mwaka 1895 kutokana na wagonjwa wachache aliowaona. Nimemsoma zaidi baadaye na nimegundua kitu kinachowahusu watu wa nyanda za juu kusini. Kazi yake kubwa ilikuwa kwenye tezi ya shingo, na alikuwa miongoni mwa madaktari wa Uswisi waliotetea chumvi yenye madini joto ili kuzuia rovu, yaani uvimbe wa tezi hiyo. Wazee wetu wa Mbeya, Iringa na Makete wanaijua rovu vizuri sana. Milima ya kwao na milima ya kwetu ilikuwa na upungufu uleule wa madini joto.

Niliuliza kwa nini mimi. Jibu lilikuwa na pande mbili. Ugonjwa huu huwapata wanawake zaidi ya wanaume, na kundi mojawapo linalojulikana sana ni mama mwenye mtoto mchanga, kwa sababu ya kumnyanyua mara kwa mara gumba likiwa limepanuka, na labda pia kwa sababu ya mabadiliko ya mwili baada ya kujifungua. Mimi nilikuwa na mtoto wa miezi michache na mkasi mzito. Nilikuwa nazo sababu zote mbili mkononi.

Tiba ilianza na kifaa cha kushikilia gumba na kifundo pamoja, vidole vingine vikiwa huru. Angalieni hapo: bandeji ya kawaida inayozunguka kifundo tu haitoshi, kwa sababu gumba linabaki likicheza na kano zinaendelea kupita. Nilikivaa mchana na usiku, nikikivua kuoga na kufanya mazoezi mepesi niliyoonyeshwa ili kiungo kisikaze. Kwa vile nilikuwa nanyonyesha, daktari ndiye aliyenichagulia dawa ya maumivu, na vile vidonge vya dukani nikaviacha.

Kazi sikuweza kuiacha. Januari ndiyo inayolipa pango la fremu. Nilichofanya ni kuondoa mwendo ule mmoja kila mahali nilipoweza. Binti ninayemfundisha kazi alichukua ukataji wote, na mimi nikabaki kwenye cherehani, kupima na kuchora kwa chaki. Mkasi niliupeleka kwa mnoaji, kwani mkasi butu unadai gumba libane mara mbili. Nilipoanza kukata tena nilipunguza tabaka, nikaacha mkasi uegemee meza badala ya kuuning'iniza hewani. Kukamua nguo nyumbani nikamwachia mume wangu. Simu nayo niliacha kuiandikia kwa gumba, nikaiweka mezani na kutumia kidole cha shahada.

Mtoto ndiye aliyekuwa mgumu zaidi kubadilisha. Niliacha kabisa kumshika kwapani. Nilijifunza kupitisha mkono mmoja chini ya makalio na mwingine nyuma ya mabega na kichwa, viganja vikitazama juu, gumba likiwa limelala pamoja na vidole vingine, halafu nainuka kwa nguvu ya viwiko na miguu. Wakati wa kunyonyesha niliweka mto chini yake ili kifundo kisibaki kimejikunja nikishika kichwa. Mgongoni kwa kanga hakukuwa na shida, ila kumtupia mgongoni kulihitaji msaidizi.

Baada ya wiki kadhaa maumivu yalikuwa yamepungua lakini hayajaisha, na daktari akanishauri sindano ya steroidi, dawa ya kupunguza muwako, ndani ya ile ala. Sindano hii huwasaidia wagonjwa wengi, lakini niliambiwa mambo mawili kabla sijakubali, na nawaombeni mhakikishe nanyi mnaambiwa. Mwenye kisukari sukari yake inaweza kupanda kwa siku kadhaa. Na mahali ilipochomwa ngozi inaweza kupauka au nyama ya chini yake kubonyea, jambo ambalo kwenye ngozi nyeusi huonekana sana. Kwangu pamebaki doa dogo lililopauka. Maumivu yaliondoka taratibu, na leo nakata kitambaa cha sare tena, kwa kupumzika.

Kuna ala nyingine ambayo fundi mwenzangu lazima aijue, kwa sababu yenyewe haisubiri. Kano zinazokunja vidole, upande wa kiganja, nazo zina ala zake. Sindano ya cherehani ikikupita kidoleni, na sisi mafundi inatupata, vijidudu vinaweza kuingia humo ndani na kujaza usaha. Ala ya gumba na ya kidole cha mwisho kwa kawaida huendelea hadi karibu na kifundo, kwa hiyo usaha unaweza kusafiri. Allen Kanavel, mpasuaji wa Chicago, alieleza dalili zake mapema karne ya 20, na bado ndizo zinazotumika: kidole kinakaa kimejikunja kidogo, kimevimba chote kuanzia shina hadi ncha, kinauma ukikibonyeza kwa kufuata kano upande wa kiganja, na maumivu ni makali mno mtu akijaribu kukinyoosha. Dalili hizo zikija siku moja au mbili baada ya kuchomwa, nenda hospitali siku hiyohiyo. Usiweke kitunguu, usifunge kwa kitambaa ukisubiri kiive. Ukichelewa, kano yenyewe inaweza kufa na kidole kisikunjike tena.

Nilipokuwa naendelea na matibabu, shangazi yangu wa Tukuyu alikuja kunisalimia. “Ugonile,” kisha akakitazama kifaa changu na kuniambia yeye ana maumivu hayohayo tangu zamani. Shangazi anafuga ng'ombe wa maziwa, na hukamua kwa kukunja gumba ndani na kubana chuchu kwa kifundo cha gumba. Nilimwomba akamue kwa ngumi nzima, vidole vikifunga kimoja baada ya kingine kuanzia juu, gumba likiwa nje. Ilimpa nafuu, halafu akachomwa sindano kama yangu, naye nafuu ikaishia nusu. Daktari alimweleza kwamba kwa baadhi ya watu ile njia ya kwanza imegawanywa na ukuta mwembamba, kila kano na chumba chake, na dawa inaweza kuingia chumba kimoja ikaacha kingine. Kwa hali hiyo hufanyika upasuaji mdogo kwa ganzi ya mahali: utepe unafunguliwa, vyumba vyote viwili vinaachiwa, na mpasuaji anakuwa mwangalifu na mshipa wa fahamu wa ngozi unaopita hapohapo juu. Shangazi amekubali. Atafanyiwa viazi vikishavunwa, na hadi mkono utakapopona binti yake ndiye atakayekamua.