Tiramisu yenye likeri: jinsi nilivyoizuia isitoe maji

Tiramisu yangu, kile kitindamlo cha Kiitaliano chenye matabaka ya biskuti zilizochovywa kwenye kahawa na krimu, ilikuwa tamu lakini haikatiki. Ukizamisha kijiko, krimu inateleza kama uji, na chini ya bakuli kuna dimbwi la kahawa. Chanzo kilikuwa Frangelico, ile likeri (pombe tamu) ya hezelinati, aina ya njugu, kutoka Piemonte, Italia. Mapishi mengi husema imiminwe moja kwa moja kwenye mascarpone, na jibini hiyo haitaki kabisa kuongezewa majimaji.

Dawa yake ni kuipika likeri pamoja na mayai. Viini 4, sukari gramu 80 na Frangelico mililita 60 tia kwenye bakuli juu ya sufuria ya maji yanayochemka taratibu, bakuli lisiguse maji. Piga kwa mchapo wa waya bila kupumzika mpaka mchanganyiko uwe mzito, rangi ipauke, na ukiinua mchapo, utepe unaodondoka ubaki juu kidogo kabla ya kuzama. Hapo viini vimeshika majimaji. Acha upoe kabisa. Ukiwa vuguvugu utayeyusha mascarpone. Kisha changanya na mascarpone gramu 500, polepole, kwa mwiko.

Savoiardi nazo, zile biskuti nyepesi ndefu za tiramisu: kahawa nzito iliyopoa, chovya upande mmoja, geuza, toa. Biskuti ikikulegea mkononi, imezidi.

Panga biskuti na krimu kwa matabaka, weka kwenye friji usiku kucha, kakao nyunyiza wakati wa kupakua. Sasa vipande vinasimama. Ukali wa pombe umepungua, harufu ya hezelinati imebaki, na mimi naona ni afadhali hivyo.