Nannapat Koncharoenkai: glavu nyuma ya wiketi, kisha bati

Mlinda wiketi wa timu ya kriketi ya wanawake ya Thailand, yaani anayedaka mipira nyuma ya vijiti anavyovilinda mpigaji, hana nafasi ya kupumzika. Timu hii inategemea sana warushaji wa mpira wa kuzunguka, kina Nattaya Boochatham na Thipatcha Putthawong, kwa hiyo Nannapat Koncharoenkai hukaa karibu kabisa na vijiti, ova (mipira sita) baada ya ova.

Hapo kosa kubwa ni kuinuka mapema. Unachuchumaa, vidole vinatazama chini, na unapanda pamoja na mpira unapodunda. Ukiwahi kusimama, mpira usioinuka unakupita chini ya glavu na wapinzani wanaokota mikimbio (alama) ya bure. Kingine: glavu zikitangulia mbele ya vijiti kabla mpira haujagusa bati au mpigaji, wala kuvipita vijiti, refa anaita nobo, yaani mpira usio halali. Na hata mpigaji akiwa nje ya mstari wake wa usalama, kuangusha vijiti kwa glavu tupu si kitu. Mpira lazima uwe mkononi.

Alikuwemo Thailand ilipocheza Kombe la Dunia la wanawake la T20 (kriketi ya ova 20) kwa mara ya kwanza, Australia 2020, na Oktoba 2022 kule Sylhet walipoifunga Pakistan kwenye Kombe la Asia: walifikia mikimbio 117 ikiwa imebaki mpira mmoja tu. Sifa nyingi zilimwendea Natthakan Chantham kwa mikimbio yake 61, na ni haki yake. Lakini Pakistan kuishia 116 ni kazi ya warushaji na glavu, jambo ambalo jedwali la matokeo halilionyeshi vizuri.