Filamu ya Dunga: nimekwama kwa kuediti

Sehemu ya ufuoni imeshutiwa karibu yote. Kwa mwenye hakuwa anafuatilia, ni filamu fupi, mama wa samaki pale ufuo wa Dunga, Kisumu, anamuuzia ngege (tilapia) jamaa kiziwi, mama ni wa Kijaluo na Kiswahili, jamaa ni wa lugha ya ishara ya Kenya, na hakuna mkalimani. Subtaito pia hakuna, hapo nimegoma.

Sasa kuediti ndio kumenimaliza. Filamu ya watu wanaongea, ukichoka na sura ya msemaji unakata unaonyesha anayesikiza, sauti inaendelea tu. Kwa ishara haiwezekani, ukikata umemnyamazisha mtu katikati ya sentensi. Ukivuta kamera upate uso, mikono imetoka, ukishika mikono peke yake umetupa nusu ya maneno ju nyusi zikipanda hilo tayari ni swali. Nimebaki kushuti kiuno hadi kichwa, kamera imesimama, mpaka inafanana na ile kaboksi ya mkalimani kwa taarifa ya habari, yenye kusema kweli huniudhi, lugha Katiba ya 2010 imeiweka kati ya lugha tatu rasmi za Bunge alafu kwa TV inabanwa kwa kona.

Sini naipenda ni hii. Mama anaparua magamba, kisu mkono huu, ngege ule mwingine, jamaa anamuuliza bei. Mama anajibu na kidevu. Jamaa naye amebeba begi so anaishara na mkono mmoja, yaani anaongea nusu nusu. Mama anaweka kisu, anapangusa vidole kwa leso, anainua vitatu. Mia tatu ama samaki watatu? Huyo mwigizaji ni kiziwi kweli na hapo hakuwa anaigiza, aliangalia vidole, akaangalia karai, akacheka. Nimeiacha ikae sekunde 14 bila kukata. Yeye ndiye aliniandikia WhatsApp nitoe zile klozapu za vidole, eti zinafurahisha tu watu wa kusikia. Nimetoa zote, ingawa moja iliniuma.

Sauti bado. Upande wa mama nataka kelele yote, redio, makarai, watu wakibishana bei. Upande wa jamaa, ukimya kabisa haufanyi kazi, mtu atadhani spika imekufa, so naweka mngurumo wa injini ya boti, ule wa chini unausikia na kifua. Nitaenda kuurekodi alfajiri kabla upepo wa ziwa uamke, ju maiki yangu haina kile kifuniko cha manyoya. Mwenye anacho Kisumu hapa, naazima.