Simba alipoacha kula kokoto

Simba ni mbwa wa kienyeji, na kama mbwa wengi wa hapa Arusha, mchana hufungiwa bandani, usiku hufunguliwa alinde. Akaanza kula visivyoliwa, kwanza soksi. Zikafuata kandambili, halafu tambara la kudekia, na mwishowe kokoto. Nilikuwa nazisikia zikigongana na meno yake hadi mwili unanisisimka, na kesho yake nakuta vipande vya raba ya bluu kwenye kinyesi.

Swali la kwanza la daktari wa mifugo lilinishtua: "Dada, huyu amechanjwa kichaa?" Kumbe mbwa mwenye kichaa naye huweza kula vijiti, mawe na udongo, kwa hiyo akianza ghafla na mwenendo wake ukabadilika, usimshikeshike. Kadi ya Simba ilikuwa sawa. Daktari akamfunua mdomo, akabonyeza ufizi kwa kidole gumba, akaachia. Rangi ikarudi upesi, ishara kwamba damu inazunguka vizuri. Kinyesi kikapimwa, dawa ya minyoo ikatolewa, kwa sababu minyoo na upungufu wa damu navyo humtia mbwa hamu ya kula vitu vya ajabu. Hayo yalipoondoka, sababu iliyobaki ikawa kukaa bure. Mnyama mwenye pua kama ile anashinda kutwa akitazama ukuta!

Bakuli la chakula nililiondoa. Ugali wa dona naufikicha na kuutawanya kwenye majani nyuma ya nyumba, autafute punje kwa punje. Dagaa nazificha chini ya vyungu vya maua nilivyovifudikiza. Huvisukuma kwa pua hadi vipinduke. Chakula alichokuwa anakifakamia mara moja sasa kinamshughulisha asubuhi nzima. Alfajiri kijana wangu humtembeza, na namsisitizia amwache anuse kila kichaka anachotaka, asimburute. Fundi naye akabomoa ubao mmoja wa banda, akaweka wavu upande wa getini, Simba aone wapita njia.

Akiokota kitu hatumkimbizi, maana hapo ndipo hukimeza haraka. Tunasema "acha" na kumwonyesha dagaa. Hukitema.

Ninachokiogopa zaidi ni gunzi la mahindi. Halimeng'enyeki, na likikwama kwenye utumbo mara nyingi ni upasuaji. Mbwa akitapika mfululizo, akakataa chakula, au akajikamua bila kutoa choo, mpeleke siku hiyohiyo. Na uzi ukitokeza nyuma usiuvute hata kidogo, unaweza kumkata utumbo.

Kokoto aliziacha mapema, soksi zilichukua muda. Siku za mvua kubwa, tusipotoka, bado huzungukia kandambili za barazani. Siku hizo nampa mfupa mbichi wa ng'ombe, mkubwa kuliko kinywa chake, nami nakaa karibu nikimwangalia. Uliopikwa simpi, kwa sababu hupasuka vipande vyenye ncha.